Mama Niliyemkata Kwenye Video ya Harusi

Admin, ficha jina langu kabisa. Mimi ni mwanaume wa miaka 53, na hii kitu nimeikalia tangu miaka ya tisini.

Nilikuwa na beshte, tumwite Odhis. Tulikulia ploti moja Mashimoni, Kibera. Mamake aliuza samaki wadogo wa omena kando ya kioski ya maji, na siku kwetu hakuna chakula alinipakulia pamoja na watoto wake bila maswali.

Odhis akapata kazi ya ofisi, akachumbia msichana wa Kawangware. Mimi nilikuwa nimeanza kupiga video za harusi na kamera ya kukodisha. Nikamwambia yake nitaipiga bure, iwe ukumbusho wa ujana wetu.

Wakati wa keki, MC akaita mama ya bwana harusi aje alishwe. Mama akainuka na leso yake mpya. Kumbe shangazi ya Odhis, mwenye suti na kofia, ashafika mbele! Bibi harusi akampigia magoti, akamlisha keki akimwita mama. Mama akarudi kukaa polepole.

Nikadhani ni makosa ya MC. Nikamgeuzia mama kamera. Akajilazimisha kucheka, akasema, "Nichukue vizuri, mwanangu, wajukuu wataniona."

Odhis akanijia sikioni. "We, toa kamera kwa huyo! Wakwe nimewaambia ni hausigeli wetu wa kitambo. Si unasikia vile ananuka omena?"

Aki maneno yake yalinitia kinyaa. Lakini nilitoa kamera. Na nilipomtengenezea kanda yake, mama nikamkata kila mahali. Kwa hivyo msidhani nachukia Odhis peke yake, hata mimi najichukia.

Juzi mama ameaga. Odhis akanipigia akilia: "Buda, hatuna video ya mathe hata moja. Ile kanda ya kwanza, kabla haijakatwa, uko nayo? Tunataka watu wamwone akiongea, pale kwa mazishi."

Amesahau kamera ilinasa maneno yake! Kanda ninayo, nimeitazama jana. Nikifuta sauti ya Odhis, nimemsafisha tena yule mchafu. Nikiiacha, watoto wake watamsikia akimkana mamake mbele ya jeneza.

Mwili unatoka mochari Ijumaa. Niambieni nifanye nini, na msinionee huruma, kwa sababu mkono uliomkata mama ulikuwa wangu.