Jaji Kwenye Pembe ya Baba

Jaji wa kwanza alinipa nusu ya michikichi ya baba, kule Kigwena, kando ya ziwa. Alisema katiba inawaona watu wote sawa, na mtoto wa kike naye ni mtu. Nilifurahi mpaka nikamcheka kaka yangu hadharani. Yeye akakata rufaa: kwa mila yetu binti hurithi heshima tu. Heshima haikamuliwi mawese, mimi najua.

Jaji wa rufaa akaja kuliona shamba mwenyewe. Ziwa lilikuwa limepanda na kumeza mpaka wa chini, na michikichi iliyofia majini ilisimama bila makuti. Kwetu, mpaka usipoonekana, majirani husimama juu yake, kila mmoja kwenye pembe anayoikumbuka. Wakaingia, maji yakiwafika magotini. Pembe moja ikabaki wazi, ya marehemu baba. Kaka alitaka kwenda, nami nikakunja kitenge, lakini jirani mmoja mzee akatuzuia.

"Kesi haiyaisha. Hapo iko pahali pa baba yenu bado."

Hakuna aliyemwambia jaji. Alivua viatu, akapandisha suruali, akaingia kuangalia ardhi iliyobaki, na miguu ikampeleka moja kwa moja kwenye pembe ile. Akageuka kututazama, mikono nyuma, kama baba alivyokuwa akitusubiri tumalize kuvuna. Upepo ukakatika. Majirani wakainamisha vichwa. Sioni haya kusema niliogopa.

Lakini mdomo wangu hauna adabu.

"Bwana juje, mwenzako alinipatia. Weye unataka kuninyanganya juu ya nini?"

"Mama, sheria ya urizi haiko. Nikitunga yangu leo ya kukusaidia, kesho mwingine atatunga yake ya kukufukuza."

Maneno yale yalikuwa na maana, na hilo ndilo lililonikera zaidi.

"Na wenye kuiandika wakilala, mimi nife nangojea?"

Sauti yake ilipokuja, niliisikia karibu kabisa na sikio, ingawa alikuwa mbali majini.

"Mimi niko juje. Siko baba yako."

Mzee yule akatoka majini, akaenda zake bila kuaga.

Nilishindwa kesi. Kaka anavuna, ila kwenye pembe ile ya baba hafiki. Watu wakiniuliza kama jaji alitenda haki, nawajibu kwa hasira zangu za kila siku. Nisichowaambia ni kwamba mpaka leo sijui, kati ya jaji na baba, ni nani aliyeninyima.