Masufuria ya Bi Rukaiya

Kwa miaka yote aliyofundisha jiografia, Bi Rukaiya aliwaeleza wanafunzi wake namna mvua inavyopatikana: bahari inapata moto, mvuke unapanda, wingu linashiba, linamwaga. Wasichana waliopita mikononi mwake, wengine leo wana wajukuu, wakimkuta njiani bado humwamkia kwa utani: "Shikamoo mwalimu, wingu limeshiba?" Naye huitikia, "Marahaba, fungueni miavuli." Ni mwanamke mrefu, mkavu wa mwili, ambaye buibui lake limepigwa pasi hata akienda sokoni Darajani kununua ndimu. Mumewe, Msabah, alipofariki, watu walimwona akilia siku ya maziko. Baada ya hapo hakuna aliyeyaona machozi yake. Aibu ya nyumba, hupenda kusema, ni kama nguo ya ndani: hufuliwa, lakini haianikwi barazani.

Na nyumba yenyewe, ile ya ghorofa pale Kiponda, Unguja, ilikuwa inavuja.

Msabah alipokuwa hai alipanda juu kila masika yalipokaribia, akaziba matundu ya bati kwa lami. Alipoondoka, hakuna aliyepanda tena. Bi Rukaiya alihamisha kitanda, akahamisha kabati, mwishowe akahama chumba. Kila asubuhi jirani yake, Bi Tahiya, ambaye dirisha lake linatazamana na la Rukaiya juu ya kichochoro, humwita kwa sauti: "Rukaiya! Vipi huko?" Na kila asubuhi, hata bakuli likiwa limefurika nyuma yake, yeye alijibu, "Kukavu, alhamdulillah."

Dirisha lile lilikuwa na thamani kwake kuliko mlango wa mbele na misumari yake yote ya shaba. Mwaka uliopita homa ilipomlaza, Tahiya aliona halijafunguliwa mpaka jua limepanda, akapiga kelele mtaa mzima, akamtuma Jaku, muuza kahawa, agonge mpaka afunguliwe. Bi Rukaiya alikasirika kwa kelele zile. Akakumbuka baadaye kwamba bila kelele zile pengine asingeamka.

Basi siku moja akapigiwa simu na shemeji yake, Sabri, ndugu mdogo wa Msabah anayeishi Maskati, ambaye nyumba ni yake pia kwa urithi.

"Shemegi, nyumba ile kubwa kwako peke yako," alisema kwa upole. "Kuna fleti nzuri Mbweni, nje ya mji, chini kwa chini, hakuna ngazi. Tuifunge hiyo ya Kiponda, ustarehe."

"Nani kakwambia sijastarehe?"

"Hakuna. Nassra anakuja kukutazama, utazungumza naye."

Nassra alikuwa binti wa Sabri, mfamasia, aliyezaliwa Maskati na hajawahi kukanyaga Unguja.

"Anakuja lini?"

"Mwezi wa nne."

"Masika, Sabri! Mtoto aje kuona matope? Mngoje mpaka kiangazi, aione Zanzibar."

"Likizo yake ndiyo hiyo, shemegi."

Bi Rukaiya aliweka simu akiwa na yakini moja: huyo mtoto haji kumtazama yeye, anakuja kutazama bati. Likionekana linavuja, mambo yamekwisha. Atapelekwa Mbweni kwenye bustani na kimya, na akizidiwa huko hakuna dirisha la kumwita.

Akazunguka mtaani. "Nna ugeni kutoka Maskati," aliwaambia majirani, "nataka kupika. Niazimeni vyombo." Hakuna aliyekataa. Bi Tahiya alitoa sufuria lake kubwa la kupikia hitma za marehemu, na wengine wakatoa makarai na mabeseni. Jaku akasaidia kuvipandisha ngazi baada ya ngazi mpaka juu kabisa, chini ya bati.

"Bi Rukaiya, jiko lako siku hizi liko mbinguni?"

"Beba, Jaku, usiulize."

"Nabeba. Lakini karamu ikiwa tayari, mimi nikalishwe karibu na nyama."

Vyombo vikapangwa, kila tundu na chake. Chumba cha mgeni kikatandikwa shuka nyeupe, kikafukizwa udi. Ndege ilitua katika mvua ambayo mtu hakuweza kumwona mwenziwe ng'ambo ya barabara. Nassra alifika mlangoni na viatu mkononi, suruali ameikunja, anacheka.

"Mama mkubwa, nimeogelea kutoka kwenye teksi!"

"Pole mwanangu. Ungekuja kiangazi—"

"Bibi, mama yake baba, aliniambia nije masika. Alisema kiangazi Unguja ni ya wageni, masika ni ya wenyewe."

Yakawa kweli. Walipotoka kwenda sokoni, mvua iliwakamata njiani, na milango ikafunguliwa kabla hawajabisha hodi: "Ingieni, mtarowa!" Wakakalishwa, wakapewa chai ya mkandaa isiyo maziwa na mkate wa ufuta na watu ambao Nassra hakujua hata majina yao, wakaulizwa habari za Maskati mpaka mvua ikapungua. Nassra alitoka kwenye nyumba ya tatu akiwa na kanga ya mtu mabegani. "Huku mtu anaruhusiwa kurudi kwake?" aliuliza. Bi Rukaiya alicheka, ingawa hayo ndiyo aliyokuwa akiogopa kunyang'anywa.

Kila asubuhi alimuuliza, "Umelala vipi?"

"Vizuri sana, mama mkubwa. Mvua inanibembeleza."

Lakini macho ya mtoto yalikuwa mekundu.

Alasiri ya Jumatano, Bi Tahiya akapiga hodi chini. Nassra akamfungulia, wakapanda pamoja mpaka ukumbini.

"Rukaiya, samahani," alisema Tahiya, maji yakimchuruzika kwenye kanga. "Nimefuata sufuria langu. Kesho nna hitma. Na hiyo karamu, shoga yangu, mbona kimya? Mtaa mzima unanusa, hausikii hata bizari."

"Karamu gani?" aliuliza Nassra.

Bi Rukaiya alifungua kinywa ili atoe uongo mwingine, ulio mzuri zaidi. Hapo hapo kitu kikalia juu ya vichwa vyao, kama karai linaloteleza, na maji yakashuka ukutani taratibu, yakapita pembeni mwa picha ya marehemu Msabah, yakaendelea hadi sakafuni. Wote watatu waliyatazama.

"Tahiya," alisema Bi Rukaiya, na sauti yake ilikuwa ile ya darasani, iliyonyooka, "sufuria lako liko juu. Limejaa."

"Limejaa nini?"

"Mvua."

Kisha Bi Tahiya akaketi kwenye kiti bila kukaribishwa, akajifunika uso kwa kanga, mabega yakawa yanatikisika. Bi Rukaiya alidhani analia.

"Hitma ya nani?" alisema Tahiya alipopata pumzi, na alikuwa anacheka. "Hakuna hitma! Kwangu kunavuja juu ya kitanda! Sufuria lile ndilo nililokuwa nategea. Tangu nikupe nnalala na ndoo ya rangi tumboni!"

"Sasa kwa nini ulinipa?"

"Umekuja mwenyewe kuazima, ningesema sina? Ungejua kwangu nako kunavuja."

Nassra alikuwa ameegemea ukuta. "Mama mkubwa, na mimi nikwambie? Kile kitanda nimekivuta tangu siku ya kwanza. Nategea kwa birika la kahawa, kisha namwaga dirishani kabla hujaamka. Baba alinionya: lolote utakaloliona, usimtie aibu mama yako mkubwa."

Bi Rukaiya hakujua pa kuweka mikono yake. Wanawake watatu, kila mmoja amekesha na chombo chake ili mwenziwe asione haya. Alitamani akasirike, kama alivyokasirika siku ya homa, lakini hasira haikuja. Kilichokuja ni machozi, mbele za watu, na hakuyafuta haraka.

Nassra alimpigia baba yake palepale, akamweleza kunavuja, akaigeuza simu kuelekea juu ili mvua isikike juu ya bati.

"Ni chumba cha kaskazini?" aliuliza Sabri. "Ile kona ya kabati?"

"Hiyo hiyo, baba."

"Mama yetu alikuwa anaweka karai pale. Mimi na Msabah tulikuwa tukipigania nani alale karibu, tusikie linavyolia." Akakohoa. "Shemegi yupo? Mwambie fleti ya Mbweni bado ipo. Sisemi kwa kumfukuza. Nnamwogopea."

"Baba," alisema Nassra, "akenda Mbweni, nani atamwazima sufuria?"

Sabri akasema mvua zikikatika tu, fundi apande aezue bati lote na kuezeka jipya, na yeye mwenyewe atakuja kusimamia. "Na shemegi abaki kwake," akaongeza.

Siku ya pili masufuria yalishushwa, yakamwagwa, yakasuguliwa kwa jivu. Chombo cha watu hakirudi kitupu, na karamu ilikuwa imekwisha ahidiwa. Basi ikapikwa kweli. Pilau la Bi Rukaiya lilinukia mpaka mwisho wa kichochoro, na Jaku akakalishwa karibu na nyama kama alivyoomba. Juu, chini ya bati, palibaki makopo na ndoo ya rangi ya Tahiya, vikifanya kazi kwa zamu. Nassra alikula kwa mkono, akaomba tena, akaomba ukoko.

Asubuhi iliyofuata mvua ilikuwa bado inanyesha. Dirisha la ng'ambo ya kichochoro likafunguliwa.

"Rukaiya! Vipi huko?"

Bi Rukaiya alisimama kwenye dirisha lake, kanga imekaa sawa kichwani, akavuta pumzi kama anayetaka kusikika mpaka viti vya nyuma.

"Kunavuja!" alijibu, mtaa mzima ukasikia. "Kunavuja, alhamdulillah!"