Koko na Filamu Isiyosema

Harufu ya dawa ya viatu hunirudisha kitongoji chetu cha Granville, kipindi kile cha korona tulipofungiwa ndani na helikopta za polisi zikizunguka juu ya paa zetu. Baba alivipiga viatu vyake rangi kila siku, na hakuwa na pa kwenda. Miguu ilimwasha. Wenzake wa karata kule Liverpool, kitongoji kisicho mbali nasi, walikuwa bado wanakutana kwa siri, nasi sote tulijua. Mama alikuwa akihudumia wazee kwenye nyumba ya kutunzia wazee. Baba angeleta ugonjwa, Mama angewapelekea.

Koko, mama mzaa mama, hilo lilimnyima usingizi. Lakini kwetu Wakongo mama mkwe hamkemei mkwewe, wala hamsogelei. Katika vyumba vyetu viwili walisalimiana kupitia kwangu, mmoja akitazama friji, mwingine pazia.

Jumamosi moja nilikuwa nikitazama kwenye kompyuta filamu ya kazi ya shule, ya zamani sana, ya Kijerumani, isiyo na sauti. Bwana mmoja aliacha supu mezani akafuata taa za mjini, mvinyo, karata na mwanamke wa kofia ya manyoya. Koko, aliyeamini sinema ni mlango wa shetani, alikaa aonje kidogo tu. Mvinyo ulipomiminwa akavuta kiti karibu. Maandishi ya filamu hakujua kuyasoma, basi akaanza kusimulia mwenyewe.

Baba akatokea, funguo mkononi. Koko hakugeuka, ila sauti ilipanda.

"Huyu bwana anaona taa tu. Haone kama bibi yake anaogesha wazee wa watu, na ugonjwa bibi atautoa kwa huyu bwana."

"That's not what it says, Koko," nikamwambia. Maandishi hayakusema hivyo, wala mle hamkuwa na wazee wowote.

Baba alisimama mlangoni. Kompyuta ilimpa mgongo, kioo asikione, na kusogea hakuweza kwa sababu ya Koko. Nilitamani aondoke, nilitamani abaki. Mwishowe akasema, "Uliza Koko yako, huyo bwana alirudi?"

Kwenye kioo bwana alikuwa amelala barabarani, amekufa. Koko alimtazama vizuri.

"Alirudi," akasema. "Akakuta supu ingali moto."

Baba akaketi palepale kwenye zulia. Nami nilinuna wiki nzima, nikidhani Koko haelewi filamu. Nilipokuwa mtu mzima ndipo nilipoelewa. Koko, aliyenichapa kwa uongo wa kusema nimesali kabla sijasali, aliiona maiti ile kama nilivyoiona mimi. Alimfufua Mjerumani wa watu ili mkwewe asitoke.