Waliochagua Kutorudi

Mwaka niliokuwa nikiandika tasnifu yangu ya chuo kikuu kuhusu mji wa Atlanta, kaunsili ya mtaa wetu ilimtuma kijana mmoja aje kumweleza mama yangu kwamba jengo letu litabomolewa. Sikuamini kwamba mambo hayo mawili yalikutana kwa bahati. Lakini hiyo ni tabia yangu. Siamini bahati, siamini utabiri wa hali ya hewa, na simwamini afisa anayenichangamkia kabla hajaketi.

Tulikaa Neasden, huko Uingereza, ghorofa ya nne. Kutoka dirisha la jikoni uliweza kuona minara myeupe ya hekalu la Wahindu, siku ambazo kioo hakikuwa na mvuke. Ukuta wa chumba changu ulikuwa na ukungu mweusi ambao mama aliusugua kila Jumamosi, nao ukarudi kila Jumatano kama mpangaji mwenzetu. Mama ni mtu wa Tanga, na kazi yake ilikuwa kutunza wazee katika makao yao. Mlango wa kushoto alikaa mama mmoja wa Kikongo, kutoka Bukavu, na wanawe. Wa kulia alikaa bibi wa Kigujarati aliyezaliwa Mwanza, mjane, ambaye aliongea Kiswahili cha sokoni kwa kasi iliyomchosha hata mama.

Baina ya milango hiyo mitatu sahani zilitembea. Mama akipika vitumbua, huku na huku hupelekwa sahani, na sahani ya jirani hairudi tupu. Ya bibi wa Mwanza ilirudi na bajia au vitu vitamu vya rangi ya chungwa, ya mama wa Bukavu ilirudi na sombe, kisamvu cha kwao. Sahani za mama zilijulikana kwa ukingo wa kijani. Alizinunua seti nzima katika duka moja la Kenton alipopata mshahara wake wa kwanza Uingereza, na nadhani sikuwahi kuziona zote pamoja kabatini. Daima moja au mbili zilikuwa safarini.

Kijana wa kaunsili alikuja na kabrasha lenye picha. Alieleza kwamba jengo limechakaa, kwamba litajengwa jipya, kwamba wapangaji wote watahamishwa kwa muda na baadaye watarudi. Neno hilo la kurudi alilirudia mara nyingi kuliko ilivyohitajika, na mimi nikaanza kulitilia shaka kwa sababu hiyo tu. Mama alimlisha vitumbua. Vilivyobaki akampa na sahani yake, apeleke ofisini.

Alipokuja tena, sahani ilirudi imejaa biskuti za siagi.

Mama alifurahi mpaka akanichukiza. Kijana alipoondoka nikamuuliza ni nani aliyemfundisha mzungu yule kwamba sahani hairudi tupu.

"Mimi," akasema. "Nilimwambia mlangoni siku ile."

"Basi hiyo si adabu, mama. Hayo ni maagizo."

"Na wewe adabu ulizaliwa nayo?"

Nikakimbilia Atlanta yangu. Kwa miezi kadhaa nilikuwa nimezama katika mji ambao sikuwahi kuukanyaga, na nilikuwa nauona kila mahali. Ni mji uliozaliwa kwa sababu reli ilihitaji kuishia mahali fulani. Ukachomwa moto katika vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe, ukainuka, na tangu hapo umekuwa ukijisifu kwa kuinuka. Kadiri nilivyosoma ndivyo nilivyojiuliza ni nani hasa aliyekuwa akiinuka. Kulikuwa na barabara ya maduka, makanisa na benki za watu weusi, na barabara kuu ya magari ikapitishwa juu yake. Kulikuwa na mitaa iliyobadilika jina katikati, bila kona wala sababu, pale ambapo nyumba za weupe ziliishia na za weusi zikaanza, ili watu wawili wa mtaa mmoja wasiwe na anwani moja. Na miaka michache tu kabla ya mimi kuandika, mji ulipokuwa unajiandaa kupokea michezo mikubwa ya dunia, ukabomoa nyumba za umma karibu na katikati ya mji. Wapangaji waliambiwa watapata nafasi katika majengo mapya. Waliorudi walikuwa wachache.

Katika maandishi niliyosoma, sentensi moja ilijitokeza tena na tena kwa maneno tofauti kidogo: wengi wao walichagua kutorudi. Niliipigia mstari kila nilipoikuta. Katika tasnifu niliiita uongo uliovaa suti. Mwalimu wangu, mama mtu mzima aliyekuwa na mazoea ya kusoma kazi zetu huku amevaa koti kana kwamba anaondoka, aliandika pembeni: umejuaje kwamba hawakuchagua? Nilikasirika kwa wiki nzima. Nilimwona kama mtu aliyenunuliwa, ingawa sikuweza kusema na nani.

Nikampelekea mama hayo yote jikoni. Nilimweleza reli, moto, mitaa yenye majina mawili. Alisikiliza akikuna nazi, kisha akauliza kama huko Atlanta kuta zilikuwa na ukungu.

"Sijui."

"Hukusoma?"

"Haikuandikwa."

"Basi aliyeandika hakulala humo," akasema, na mwezi huo, kaunsili ilipowapigisha wapangaji kura kuhusu kubomoa, akapiga kura ya ndiyo.

Siku ya mkutano wa mwisho walituonyesha jengo jipya la mfano juu ya meza katika ukumbi wa jumuiya. Lilikuwa na miti ya sponji na watu wadogo wa plastiki, wembamba, wakitembea kwa nafasi. Niliwachunguza wale watu. Hakuna hata mmoja aliyebeba mfuko wa sokoni. Nilimnong'oneza mama jambo hilo, akaniambia nikae kimya, lakini nilimwona akiinama kuwaangalia.

Tulipangiwa Rayners Lane, nyumba ndogo ya muda, kavu, karibu na stesheni. Wiki ya kuhama mama alifanya jambo ambalo sikulielewa mara moja. Alipika kama wa harusi, akazijaza sahani zote za ukingo wa kijani, akazipeleka kwa jirani wa kushoto, jirani wa kulia, na wengine wa ghorofa ya chini ambao tulisalimiana nao tu. Kila mmoja alimwambia vivyo hivyo: asiirudishe sasa. Airudishe tukisharudi. Ya mwisho alimpa yule kijana wa kaunsili, akamwambia ailete mwenyewe siku atakayomkabidhi ufunguo.

Ndipo nikaelewa. Mama hakuwa mjinga wa ahadi kama nilivyodhani. Alikuwa akiweka amana. Watu wote wale walikuwa sasa na kitu chake, na mtu mwenye sahani ya jirani hawezi kulala vizuri.

Huko Rayners Lane mama hakumpelekea mtu kitu. Nilimuuliza kwa nini, akasema sisi tuko safarini, na msafiri hafungui mahusiano. Alinunua sahani za karatasi kwa wageni. Katoni nyingine hakuzifungua kabisa. Ziliwekwa ukumbini, tukajifunza kuzipita ubavu. Jengo la Neasden likabomolewa. Nilikwenda kuangalia, nikaona chumba changu kikiwa wazi hewani, na ule ukungu ukutani, mweusi, ukitazama hekalu.

Sahani ya kwanza ilirudi kabla jengo jipya halijafika ghorofa ya pili. Aliileta mtoto wa kiume wa bibi wa Mwanza, mwenye duka la dawa Kenton, ikiwa imejaa ladu, vile vitamu vya kwao. Mama alifurahi, akamkaribisha chai, akamuuliza bibi hajambo. Bibi hajambo. Anakaa nao sasa, ana chumba chake chini, ngazi zimemshinda. Anawasalimu sana. Mama aliendelea kutabasamu, lakini aliihamishia ladu kwenye bakuli polepole mno, kisha akaiosha ile sahani wakati mgeni bado yupo, jambo ambalo hafanyi.

Zikaja nyingine, moja moja. Mwanzoni nilizihesabu kuwa habari njema, urafiki umedumu. Mama ndiye aliyeona kwanza. Alikuwa amewaambia wazirudishe wakisharudi, nao walikuwa wanazirudisha sasa. Kila aliyebisha hodi na chakula kizuri mkononi alikuja kuaga.

Mama wa Bukavu alikuja mwenyewe, Jumapili baada ya kanisa, akiwa amevaa kitenge cha sherehe. Sahani ilijaa sambaza, wale dagaa wa kwao, waliokaangwa wakawa wakavu. Alikuwa amepelekwa mbali, upande wa mashariki wa jiji. Alizungumza habari za kila kitu isipokuwa nyumba, mpaka mama akamsaidia.

"Sema tu, dada."

"Dada, mi sitarudia. Batoto banapenda masomo yao kule. Na kuko ka bustani."

Nilimwingilia. Nilitaka kujua kama kuna mtu aliyemshawishi, aliyemtisha, aliyemwekea maneno mdomoni. Akafikiri. Akasema hakuna aliyemtisha. Kila alipopiga simu aliambiwa bado, na baada ya bado nyingi, mtoto mkubwa akaingia sekondari, akapata marafiki, na siku moja yeye mwenyewe akakuta amepanda maharage.

"Kwa hiyo walikuchelewesha makusudi," nikasema.

"Ile makusudi yao miye sijue. Lakini maharage nilipanda miye."

Mama akacheka. Walicheka wote wawili, mimi nikawa kama askari aliyefika kwenye nyumba ambayo haikuita askari. Mgeni alipoondoka, mama alikula sambaza akiwa amesimama. Sahani aliirudisha kabatini juu ya nyingine, na kwa mara ya kwanza nikaona seti ile inakaribia kutimia.

Simu ya kutuita ilikuja nilipokuwa nimeshamaliza chuo, nafanya kazi ya ofisini ambayo pia sikuiamini. Flati ilikuwa tayari. Tulikwenda pamoja. Upande wa mbele wa jengo kulikuwa na ukumbi wa vioo, sofa, na chombo cha maua, na nilikuwa nimeanza kuuelekea tulipoitwa. Msichana wa kaunsili alitusubiri nyuma, kwenye kichochoro cha mapipa ya taka. Mlango wetu ulikuwa huko. Kichochoro kilikuwa kimepewa jina lake chenyewe, tofauti na la mtaa wa mbele. Jengo moja, mitaa miwili.

Naungama kwamba moyo wangu uliruka. Nilimshika mama mkono, nikamwonyesha kibao. "Unakumbuka nilivyokwambia Atlanta?"

"Nakumbuka," akasema. "Tupande."

Flati ilikuwa nzuri. Sikutaka iwe nzuri. Kuta zilikuwa kavu na hekalu lilionekana lote, bila kuchungulia. Mama alifungua kabati, akafunga. Akamuuliza msichana kushoto anakaa nani. Msichana akasema hana ruhusa ya kutaja habari za wapangaji wengine. Mama akauliza kama kuna yeyote wa jengo la zamani. Msichana akatazama dirishani, akasema anavyofahamu mama ndiye wa kwanza kupangiwa upande huu. Kisha mama akamuuliza yuko wapi yule kijana, aliyekuja mwanzo.

Aliacha kazi zamani, akasema msichana. Kuna tatizo?

"Ana sahani yangu," mama akasema kwa Kiingereza chake cha kazini, taratibu, jinsi anavyoongea na wazee wake. Msichana alinitazama mimi ili nimfasirie, lakini maneno yalikuwa yameshatimia.

Mama akagusa jiko jipya. Akaniuliza, kwa Kiswahili, "Hapa nikipika, nimpelekee nani?"

Akamgeukia msichana, akamshukuru, akasema atabaki alipo. Msichana akauliza kwa upole, kama walivyomfundisha, kwamba basi ni uamuzi wake mwenyewe, hakuna aliyemlazimisha?

"Wangu mwenyewe."

Nilifungua mdomo. Nilikuwa na barabara kuu, reli, kichochoro, kibao, miaka ya bado na bado. Mama akanigusa kiwiko.

"Mwanangu, usinisemee."

Ndani ya treni nilimwambia kwamba amewapa walichokitaka. Mahali fulani sasa kutakuwa na ripoti inayosema kwamba wapangaji wengi walichagua kutorudi, na yeye yumo ndani ya sentensi hiyo. Akasema yeye hakuondoka Neasden leo. Aliondoka siku ile ya sambaza, na leo alikwenda tu kufunga mlango. Nikamuuliza kama hana hasira. Akasema anayo, ila haimhusu yule msichana, na hasira haiwezi kumpikia.

Bado siiamini ile sentensi. Lakini siku hizi nikiikuta siandiki tena kwamba ni uongo. Naweka alama ya kuuliza, na inanikera zaidi.

Jioni hiyo mama alifungua katoni za ukumbini zote. Akachemsha mafuta. Sahani ya ukingo wa kijani iliponyooshwa kwangu, imejaa na bado moto, nikaambiwa nipeleke mlango wa pili, kwa watu ambao miaka yote hiyo tulikuwa tukiwapungia mkono tu.

Alifungua mzee mmoja, mnyororo ukiwa haujatolewa. Akaangalia vitumbua, akaniangalia mimi, akaangalia nyuma yangu kama kuna wengine.

Akaniuliza hiki ni nini, na tunataka nini kwake.

Lilikuwa swali la haki. Ningeliuliza mimi mwenyewe. Nikamwambia hatutaki kitu. Kisha nikakumbuka yule kijana na biskuti zake, na kabla mlango haujafungwa nikamweleza habari ya sahani.