Ndama Watano Waliobaki

Baba alinisindikiza shuleni siku ya Ijumaa, nami nilijua haikuwa kwa mapenzi. Kaka yangu aliyekuwa akichunga alikuwa ameoa na kuhamia Balangdalalu, na baba mwenyewe goti lilikuwa limemshinda. Njia nzima alisema mara moja tu, huku akichechemea: "Leo nasikia mwenyewe. Kama hakuna unachojua, Jumatatu unachunga." Nilikuwa darasa la nne. Nilimchukia mpaka getini.

Alisimama dirishani na fimbo yake. Mwalimu wetu, mwanamke wa Tlawi, kwao wakulima watupu, alimwamkia shikamoo, kisha bila huruma akaniita mimi ubaoni. Akasoma swali: mfugaji ana ndama mia moja thelathini na saba. Zizi moja linatosha ndama sita. Je, anahitaji mazizi mangapi?

Mikono ilitoka jasho mpaka chaki ikalowa. Niligawanya kwa sauti, maana baba hakujua kusoma. Sita katika kumi na tatu, mara mbili, kumi na mbili, inabaki moja. Shusha saba. Hapo nikakwama. Baba akahamishia fimbo mkono wa pili. Sita katika kumi na saba... mara mbili tena!

"Ishirini na mbili, baki tano!"

Darasa likapiga makofi. Baba hakupiga.

"Hao watano wanalala wapi?" aliuliza.

"Hao ni baki, mzee," mwalimu alisema.

"Fisi hajui baki."

Watoto wakacheka, nami nikapandwa na hasira, zaidi kwa nafsi yangu. Kila jioni nilikuwa nafunga ndama zizini, na leo nilikuwa nimewaacha watano nje ili nipate vema! Sikuomba ruhusa. Nilifuta jibu kwa kiganja, nikaandika 23.

"Mazizi ishirini na matatu," nilisema. "La mwisho lina watano."

Mwalimu aliutazama ubao, akatazama daftari lake, akautazama ubao tena. Kisha akaweka vema. Nilipogeuka dirishani, baba alikuwa ameshaondoka.

Nikajua nimeshindwa mtihani wake. Jumatatu alfajiri nilikwenda kuchukua fimbo ya kuchungia mlangoni, sikuiona. Zizi lilikuwa tupu. Mama akaniambia nivae sare haraka nisichelewe. Baba, na goti lake lile, alikuwa ameshatoka na ng'ombe mwenyewe.