Namba haifichi kikohozi

Leo nimesikia siri ya mtu, na msiniulize ni nani.

Binti mtafiti, yule anayetuhoji kuhusu mapigano ya wakulima na wafugaji, alikuja kunionyesha maneno yangu kwenye kompyuta.

"Shikamoo bibi. Usiogope, majina nimeyafuta. Kila mtu ni namba."

"Marahaba."

Akabonyeza, akakosea. Ikatoka sauti ya mwingine, anasimulia alivyowaficha wafugaji ghalani mwake. Halafu akakohoa.

Kikohozi kile nakijua.

"Mjukuu wangu, wakulima wenzake wakisikia hii, watamchomea nyumba. Bakiza maandishi, sauti futa. Hapa hapa, nikiona."

Akafuta. Nikampa uji, akanywa, akaenda.

Sasa nimekaa nawaza: sauti yangu mimi, alishawasikilizisha akina nani?