Saa Tisa ya Mtawa

Kwa jumla jambo hili limenigharimu mtamba mmoja zaidi ya ng'ombe tuliokubaliana, mbuzi ambaye sikumwonja, na heshima niliyoijenga miaka mingi nikiuza viatu vya mitumba hapa Eldoret. Nimehesabu mara mbili. Nusu ya kosa ni ya mtawa aliyekufa zaidi ya miaka elfu moja iliyopita.

Kitabu cha maisha yake nilikipata kando ya barabara, hakina jalada. Mwenye kuuza alisema ni cha dini. Nikamwambia hata dini huja na jalada, akapunguza. Mtawa huyo alipelekwa monasterini akiwa na miaka saba na karibu hakutoka tena, kwa hivyo akaandika. Aliandika historia ya watu wake, na habari nyingi anakwambia alizisikia kwa nani, tabia ambayo huku mtaani kwetu Kimumu haijafika. Lakini kilichonishika ni hesabu zake. Wakristo wa nchi yake walikosana juu ya tarehe ya Pasaka mpaka mfalme akawa anakula sikukuu huku malkia, nyumba hiyo hiyo, bado anafunga. Mtawa akaketi na jua na mwezi, akapiga hesabu, akarudia. Nikasema huyu ni ndugu yangu. Tena watawa wale walihesabu saa kuanzia macheo, kama sisi: sala ya saa tatu, ya saa sita, ya saa tisa.

Wakati huo kijana wangu alitaka kuoa binti wa mzee mmoja wa Kapseret, na msemaji wa kwetu ni mimi, maana kwa bei sishindwi. Mzee akatuma ujumbe: "Karibuni Jumamosi saa 9."

Mke wangu akanisihi nipige simu niulize kama ni tisa ya Kiswahili au ya Kizungu. Kila mtu hapa huuliza. Nikamweleza kwamba saa tisa ni saa tisa tangu enzi za yule mtawa.

"Huyo mtawa wako ako na laini?" akauliza.

Tulifika saa tisa mchana, bila kupoteza dakika. Sufuria zilikuwa zimeshaoshwa. Wazee wa ukoo walikuwa wametungoja tangu saa tatu asubuhi, wakamaliza mbuzi na maziwa ya mursik, wakaomba, wakaenda zao. Binti alikuwa amejifungia ndani akilia. Nikamweleza Mzee yote, Pasaka, mfalme na malkia. Alinisikiliza mpaka mwisho, na hapo nikajua tumeharibu.

"Huyo mtawa alikuwa na bibi?"

"Hapana, Mzee."

"Na ng'ombe?"

"Kitabu hakisemi."

"Sasa wewe unakuja kuposa na akili ya mtu hana bibi, hana ng'ombe."

Akaongeza mtamba. Kwa mara ya kwanza maishani sikuteta bei. Akasema atatuita mara moja tu, tukikosa tena binti abaki kwao, na nisimpigie simu, kwani mtu wa kuambiwa saa akauliza tena, kesho atauliza jina la bibi arusi.

Jana ujumbe uliingia: "Karibuni Jumamosi saa 3."

Kijana hajala tangu jana. Tukienda asubuhi, huenda tukawakuta hawajakoka moto. Tukienda mchana, huenda tukakuta mifupa. Wewe unayesoma, tafadhali nishauri tutoke nyumbani saa ngapi. Ila usiniandikie nambari. Sema tu kama ng'ombe watakuwa wametoka kukamuliwa asubuhi, au wanakaribia kukamuliwa jioni.